Mwalimu, Mungu Aliumia?

Mtoto wa miaka mitano hana habari na karne. Kwake yeye yote yaliyopita yamelala ndani ya jana moja: chai iliyomwagika asubuhi, harusi ya shangazi, nabii aliyejenga safina, mzungu aliyekuja na merikebu. Ndiyo maana siwafungulii kitabu wala siwatajii miaka. Nawapanga wawili wawili wakiwa wameshikana mikono, tunatoka Muyeye jua likiwa bado halijakali, tunatembea. Miguu inawapa kile ambacho tarakimu hazijaweza kuwapa: kwamba mahali ni mbali, kwamba ukienda unachoka, na kwamba aliyepita hapo kabla yako alichoka vilevile.

Nimefundisha chekechea hapa Muyeye, Malindi, sehemu kubwa ya maisha yangu. Mimi ni Mgiriama kwa kuzaliwa na Mwislamu kwa dini. Mtaani kwetu utamkuta jirani anayeswali, wa pili anayekwenda kanisani Jumapili, na wa tatu ambaye bado humwaga mnazi chini kwa ajili ya koma za wazee wake. Darasani mwangu wamo watoto wa nyumba zote hizo. Yumo Mbajuni, wamo Wakamba na Wajaluo ambao wazazi wao walifuata kazi za hoteli, wamo hata wenye baba Waitaliano. Unapowasimulia habari za vita vya Wagiriama na Waingereza vya mwaka 1914 unazungumza na watoto ambao babu zao walikuwa pande zote za ugomvi ule, na wengine ambao babu zao hawakuwamo kabisa.

Swali lililonikalia moyoni miaka yote hii si la namna ya kufundisha. Ni kama jambo lenyewe linafaa. Mtoto huyu hakumwona Mekatilili, mwanamke wa Kigiriama aliyewaongoza watu kumkataa mzungu, wala Champion, mzungu mwenyewe. Hakuchoma nyumba ya mtu, hakutozwa rupia. Dini yangu inafundisha kwamba kila mtoto huzaliwa safi, na kwamba hakuna nafsi itakayobebeshwa mzigo wa nafsi nyingine. Basi nina idhini gani ya kumshika mkono, nikamsimamisha mbele ya mauaji yaliyopita zaidi ya miaka 100, nikamwambia kwamba haya nayo yanamhusu?

Sikuwa peke yangu katika kuuliza. Ustadh wa madrasa ya jirani alinisimamisha njiani, tukasalimiana, akaniuliza habari za nyumbani, kisha akasema, "Mwalimu, nasikia watoto wa Kiislamu unawapeleka bustanini wakasimame mbele ya sanamu ya Mekatilili." Mama mmoja wa kanisa alinifuata hadi mlangoni mwa darasa. Yeye hofu yake ilikuwa kaya, misitu mitakatifu ya wazee wetu. "Sisi tuliokoka," aliniambia, "hayo mambo ya misitu na viapo tuliyaacha, na sasa wewe unamrudishia mwanangu." Na baada ya mwaka 2023 alikuja baba mmoja ambaye hakutaka hata kukaa kitini. Alitaja neno moja tu, Shakahola, akanyamaza akisubiri nimjibu.

Kila mmoja alikuwa na haki ya kuuliza. Ustadh nilimweleza kwamba hakuna anayeinama pale, hakuna anayeweka maua wala ubani, na kwamba watoto hukaa kivulini wakinitazama mimi. Hakukubali yote. Aliniambia jicho la mtoto huinama kabla ya mgongo wake. Neno hilo nimelichukua kwa uzito. Ndiyo sababu bustanini hatuanzi. Tunafika mwisho, wakati Mekatilili amekwisha kuwa mtu kwao, binti aliyeitwa Mnyazi wa Menza kabla hajazaa na kuitwa mama Katilili, mwenye kiu na miguu iliyovimba. Wakifika hapo hawaoni kitu cha kutisha wala cha kuabudiwa. Wanamwona mtu wanayemjua, na mara nyingi wanamwonea huruma kwa kusimama juani.

Kituo cha kwanza ni mnara wa Vasco da Gama, kwa sababu uko upande wetu na kwa sababu bahari inawatuliza. Tunakaa kwenye mawe, upepo ukiwapiga, nawaambia kwamba Mreno huyu alifika Malindi Aprili 1498 akitoka Mombasa alikochukiwa, kwamba mfalme wa Malindi alimpokea vizuri, akampa chakula na rubani wa kumvusha hadi Uhindi. Huwa nasema pia kwamba mgeni aliacha msalaba wa mawe kuonyesha kwamba alifika. Watoto wanapenda sana habari ya rubani. Wanataka kujua kama alirudi nyumbani kwa mama yake.

Hapo mnarani ndipo binti mmoja mdogo, mtoto wa muuza mahamri wa barabarani kwetu, aliniuliza swali ambalo sijawahi kuulizwa na mkaguzi wa elimu yeyote. Nilikuwa nimewaambia kwamba baadaye tutaona sanamu ya Mekatilili, na kwamba hiyo ni mpya, iliwekwa mwaka 2012. Akasema, "Kwa nini yule mgeni jiwe lake ni la zamani, na mwenyeji jiwe lake ni jipya?"

Nimelizungusha swali hilo kichwani mara nyingi. Jibu la haraka ni kwamba aliyeshinda ndiye huandika, na hilo ni kweli, ila halitoshi. Watu wa Mekatilili hawakuwa watu wa kuacha mawe. Makaya yao ni misitu. Alama waliyoacha ni miti waliyokataa kuikata, njia walizokataa kuzipanua, vigango, yaani nguzo za kumbukumbu, walivyochonga na kuvisimika kwa ajili ya wazee wa chama cha Gohu na ambavyo havitakiwi kung'olewa pale viliposimikwa. UNESCO iliyaingiza makaya ya Mijikenda katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2008. Vigango vingine viliibwa, vikauzwa kwa watalii, vikafika hadi makumbusho ya Marekani. Viwili vilivyoibwa katika miaka ya 1980 vilirudishwa mwaka 2007. Kumbe mwenyeji naye alikuwa na alama ya zamani. Tofauti ni kwamba ya mgeni ikipakwa chokaa inaonekana kutoka baharini, na ya mwenyeji lazima uambiwe kwamba hiyo ni alama. Mtoto asipoambiwa ataona msitu tu, na akikua atauuza kwa mwenye msumeno. Hapo nilianza kuona kwamba kunyamaza nako kuna matokeo. Mtoto niliyemwacha bila kumwambia kitu sijamwacha safi. Nimemwacha na mnara.

Kanisa dogo la Wareno tunalipita haraka. Lina makuti na makaburi, na watoto hupenda kulizunguka mara moja tu. Kisha tunaingia Shela, tunafuata upepo wa bahari mpaka msikitini, penye makaburi yale marefu ya nguzo.

Hapa huwa napunguza mwendo. Hapa ni kwangu kwa dini. Makaburi ni ya Waislamu wa zamani, mawe ya matumbawe yaliyochongwa na watu waliojua kazi yao, na mimi huona fahari kuwaonyesha watoto. Lakini kando ya msikiti huu huu, inavyosimuliwa na wenyeji, watu waliuzwa kila juma, mpaka Sultani Barghash alipofunga masoko ya watumwa mwaka 1873. Mashamba ya Malindi na Mambrui yaliyofufuliwa tangu 1861, mtama na ufuta uliosafirishwa hadi Uarabuni, yalilimwa kwa mikono ya watumwa. Utumwa wenyewe katika mwambao wa Kenya haukukomeshwa kisheria hadi 1907. Kuna waliotoroka kabla ya hapo, wakaingia bara na kujenga vijiji vyao wenyewe, Fuladoyo ukiwa mmoja wapo. Kwa watoto nasema kwa ufupi: hapa watu walichukua watu wengine, wakawauza, na wengine walikimbia wakajijengea kwao.

Mvulana mmoja wa Kigiriama alinyoosha kidole kwa mwenzake mwenye jina la Kiarabu, akasema, "Ni babu yake." Mwenzake alianza kulia. Jambo hilo ndilo wazazi wote wanaliogopa, nami naliogopa. Niliwakalisha wote chini. Nilimwambia aliyenyoosha kidole kwamba Mungu hatamuuliza mwenzake habari ya babu, atamuuliza habari ya mikono yake mwenyewe, na mikono yake leo imebeba chupa ya maji ya rafiki yake tangu asubuhi. Hilo lilikuwa kweli. Aliibeba chupa ile, nayo ilikuwa ya huyo huyo aliyemnyooshea kidole. Wakatazamana. Nilimwambia aliyelia kwamba hadaiwi chochote na mtu yeyote katika darasa langu. Kisha nikasema jambo la tatu, ambalo kwangu ndilo zito: waliouzwa hapa wanatudai sisi sote, pamoja na mimi na yeye na aliyemnyooshea kidole.

Wanatudai nini? Hapa nafikiri ndipo watu wazima wengi tunapokosea njia, wakiwamo walimu. Tunazungumza juu ya historia kana kwamba ni urithi. Urithi hugawanywa. Huyu apate fungu la mashujaa, yule apate fungu la wakosaji, na kila mmoja atumie lake apendavyo: wa kwanza ajivune nalo, wa pili alifiche. Mimi nimefikia kuamini kwamba habari za waliotangulia zinakaa kwetu kama amana, na amana ina sheria zake ambazo kila aliyesoma madrasa anazijua. Aliyepewa amana haimiliki. Hawezi kuitumia kujitajirisha, hawezi kuchukua kipande kizuri na kutupa kibaya, wala hawezi kuikataa kwa kuwa mwenye mali hakuwa ndugu yake. Anaitunza nzima mpaka mwenyewe aidai. Wafu hawawezi kudai kwa ulimi, basi wanaodai kwa niaba yao ni watoto wanaouliza. Ukimpa mtoto hadithi ya kuku wa Mekatilili bila baruti ya serikali iliyofuata, au Champion bila soko la watumwa, umekula sehemu ya amana.

Na hili linajibu, kwa upande wangu, lile la nafsi kutobeba mzigo wa nafsi nyingine. Amana si dhambi. Unaweza kubebeshwa ukiwa huna hatia yoyote, na mara nyingi hubebeshwa asiye na hatia kwa sababu ndiye anayeaminika.

Kabla hatujatoka Shela wanapata maji na viazi karai, kisha tunaingia mjini, tunakatiza kwenye kelele za tuktuk, mpaka bustani iliyokuwa ikiitwa Uhuru na ambayo sasa ina jina la Mekatilili. Wanakaa kivulini. Wanajua kwamba sasa inakuja hadithi ya kuku.

Inasimuliwa kwamba mwaka 1913 Arthur Champion, mtawala wa Kiingereza katika nchi ya Wagiriama, aliita baraza ili apate vijana wa kwenda kufanya kazi. Mekatilili akaja na kuku na vifaranga wake. Akamwambia mzungu, chukua kifaranga kimoja. Mzungu alipoinama, kuku alimdonoa. Akasema kwa watu, mmeona, hivi ndivyo itakavyokuwa akigusa wana wetu. Mzungu akammiminia kuku risasi. Watoto wanacheza hadithi hii vizuri mno. Kila mmoja anataka kuwa kuku, hakuna anayetaka kuwa Champion, kwa hiyo Champion huwa mimi.

Kuna mtoto aliyelia kwa ajili ya kuku, tena kwa kwikwi. "Kuku alikosa nini?" Wenzake walikuwa wamekwisha kuruka kwenda kucheza tena. Niliona kwamba amefika mbali kuliko wao, na mbali kuliko watu wazima wengi wanaosimulia hadithi hii kwa kucheka. Kuku hakukosa kitu. Alifanya alichoumbiwa, akauawa kwa hilo. Nilimwambia hivyo, kwa sababu sina jibu jingine, na kwa sababu naamini mtoto anayepewa sababu ya uongo kwa maumivu ya asiye na hatia atajifunza kutafuta sababu kama hizo maisha yake yote. Wapo wanaosema mtoto asiguswe na huzuni. Mimi nasema asitupwe humo peke yake. Nilimpakata mpaka akatulia.

Kisha nawaambia sehemu ambayo hadithi ya kuku inaificha. Nawaambia kwamba Mekatilili alikwenda Kaya Fungo, watu wakala kiapo kwamba hawatamtumikia mzungu, wanawake wakiapa mukushekushe na wanaume kiapo cha fisi. Kwamba mnamo Oktoba 1913 yeye na mzee Wanje wa Mwadorikola walikamatwa, wakapelekwa Kisii, mbali upande wa magharibi, na Januari 1914 wakatoroka, wakaanza kurudi kwa miguu. Hapa watoto, ambao wametembea kutoka Muyeye tu na tayari wanauliza tutapanda tuktuk lini, wananyamaza. Kwamba Agosti 1914, vita vya dunia vikiwa vimeanza na Hobley, mkuu wa mkoa, akitaka wapagazi, serikali ililipua Kaya Fungo kwa baruti. Askari wakachoma nyumba kwa maelfu. Wagiriama kama 150 waliuawa. Waliobaki walitozwa faini ya rupia 100,000, wakatakiwa kutoa wapagazi 1,000, na walioishi ng'ambo ya mto Sabaki wakaambiwa wahame. Tarakimu hizi kwa watoto sizitaji. Nasema nyumba nyingi, watu wengi, pesa nyingi. Lakini nasema kwamba walishindwa, kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

Lipo ninaloliacha. Namna mapigano yale yalivyowaka inahusishwa na mwanamke aliyetendewa uovu na askari, na hilo sitalitia katika sikio la mtoto wa miaka mitano. Amana ina wakati wake wa kukabidhiwa. Atalipata akiwa mkubwa, kutoka kwa mtu atakayemweleza kwa heshima ya mwanamke yule. Kuchelewesha si kuficha, mradi usiseme uongo wakati unasubiri.

Nilipokuwa nikisimulia habari ya baruti, mvulana mmoja, mtoto wa nyumba ya Kikristo, aliuliza, "Kaya ni kanisa?" Nikasema ni mahali walipokuwa wakimwomba Mungu, wakimwita Mulungu. Akafikiri. "Mwalimu, Mungu aliumia?"

Nilimjibu kama ninavyoamini: Mungu hadhuriki kwa baruti, walioumia ni waliokuwa wakimwomba pale. Mtoto wa Kiislamu aliyekaa kando yake akadakia, "Na msikiti ukilipuliwa?" Nikasema hivyo hivyo. "Na kanisa letu?" Hivyo hivyo. Wakaendelea kutaja, chumba cha maombi cha bibi, hekalu la Wahindi waliloliona njiani, mpaka mmoja akataja mti ambao babu yake huzungumza nao. Hivyo hivyo.

Katika miaka yangu yote ya dini sijawahi kupata somo kubwa kuliko hilo. Mimi siamini kiapo cha mukushekushe. Sitamtolea mtu sadaka msituni, na nikiulizwa na mtoto kama ni kweli kwamba anayevunja kiapo hupatwa, nasema watu wale waliamini hivyo, na sisi nyumbani tuna imani yetu. Sioni haja ya kulainisha. Lakini kati ya kutoamini na kutojali pana uwanja mpana, na humo ndimo watu wa Malindi tumeishi kwa karne nyingi, msikiti na kanisa na kaya. Aliyelipua kaya hakujali kwamba mtu fulani hulia pale. Yule mtoto aliyeuliza kama Mungu aliumia alijali kabla hajajua kama ni dini yake. Nilimweleza yule mama wa kanisa hivyo. Kwamba mwanawe hakurudi kwenye mizimu; alijifunza kuhurumia maombi ya mtu mwingine, na kama hilo si tunda la kuokoka sijui tunda ni lipi. Alinyamaza, kisha akaniuliza kama watoto hupewa maji ya kutosha njiani.

Yule baba wa Shakahola ndiye aliyenifikirisha zaidi. Hakuna asiyejua. Huko bara ya Malindi, mwaka 2023, watu walifuata mahubiri wakajinyima chakula mpaka kufa, zaidi ya miili 400 ikafukuliwa msituni, na miongoni mwao watoto wengi. Mji huu ulinuka msiba. Hospitali yetu ilipokea maiti kupita nafasi iliyokuwa nayo. Basi mzazi akisikia msitu, kiapo, na kiongozi mwenye maneno ya moto, ana haki ya kunishika mkono na kuniuliza tofauti ni ipi. Msitu ni ule ule wa upande wa bara, na Bungale, ambako Mekatilili amezikwa, uko huko huko Magarini.

Nilimwambia aangalie watoto walikuwa wapi katika kila kisa. Mekatilili aliwaapisha watu ili wana wao wasichukuliwe. Hadithi yote ya kuku ni hiyo, mama amesimama kati ya mkono na kifaranga. Kule Shakahola mama alipewa amri ya kuuondoa mwili wake kati ya mkono na kifaranga. Utiifu wowote, uwe wa kaya, wa kanisa au wa msikiti, naupima hapo kwanza, kabla ya kuuliza aya gani imesomwa. Nami nataka watoto wa Muyeye wawe na kipimo hicho mapema kabisa, kwa sababu atakayekuja kuwadanganya hatasubiri wafike darasa la nane. Kwa hiyo kwa ajili ya Shakahola, nilimwambia, mimi sipunguzi safari. Baba yule alimruhusu mwanawe, na siku ya safari alitembea nyuma yetu kwa umbali kidogo, hadi mwisho.

Mtoto wa Kiitaliano, yaani baba yake ni Mwitaliano na mama ni wa hapa Muyeye, aliniuliza kwa sauti ndogo kama Champion ni babu yake, kwa kuwa wote ni weupe. Nilimwambia la, Champion alikuwa Mwingereza. Aliona nafuu. Nami nikaona kwamba nafuu ile si haki nimwachie hivyo, kwa sababu mwenzake wa msikitini sikumpa nafuu ya namna hiyo. Nikamwambia kwamba hata angekuwa babu yake, amana ingekuwa ile ile. Nadhani hakuelewa. Alichukua mkono wangu, hakuuachia mpaka Muyeye.

Kurudi huwa tunapanda tuktuk, watoto wamechoka, wengine wamelala. Muyeye yenyewe ni historia, na hiyo nawaachia wazazi. Nyumba nyingi za watoto wangu zimejengwa juu ya ardhi ambayo hati yake iko kwa mtu mwingine. Sheria ya mwaka 1908 ya kuandikisha mashamba ya pwani iliwaandika waliokuwa na karatasi, na Mijikenda wengi wakabaki wakaazi katika ardhi wanayoilima. Siwaambii watoto wa miaka mitano habari za hati. Wanazisikia nyumbani kila barua inapokuja. Ila nimegundua kwamba mtoto aliyetembea nasi, akisikia wakubwa wakisema kwamba watu wa ng'ambo ya Sabaki waliambiwa wahame na baadaye wakarudi, huuliza walirudije. Wazazi wao wananiletea swali hilo, na hatuwezi kulijibu kwa kutikisa kichwa.

Sasa pana jambo moja la kuamua. Familia moja imeniomba nikiruke kituo cha msikiti, kwa sababu ya jina lao. Walikuja kwa adabu, wakaketi, wakanywa chai. Nimewaambia sitakiruka, na nimewaeleza kwa nini: siwezi kuwapeleka watoto kuona kosa la Mwingereza nikawapitisha kosa la jirani yangu na dini yangu wakiwa wamefumbwa macho. Babu wa nyumba hiyo alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaomba aje yeye mwenyewe siku hiyo, azungumze na watoto pale kando ya makaburi, aseme analolijua juu ya shamba la wazee wake na watu waliolilima. Nimemkubalia. Nimemwomba asizidishe robo saa, na azungumze kabla ya viazi karai, kwa sababu baada ya hapo hawasikii tena.